Figa la Chuma

Rahel wangu,

Umekwenda Garsen na baba yako kuchukua lile sanduku la bati, na mimi nimejifungia humu chumbani kama mwizi. Shangazi yako nimemwambia kichwa kinaniuma. Uongo mtupu. Kichwa changu kizima. Kinachoniuma kiko chini ya hapo kidogo.

Nakuandikia kwa sababu kwa mdomo siwezi. Wewe unasoma midomo yangu, na midomo yangu ikianza kutetemeka unaacha maneno, unasoma ule mtetemeko. Juzi nilitaka kukuambia jambo dogo tu, ukaniwekea kiganja shavuni: "Mama, usilie." Ala! Hata sijafika kwenye kulia! Basi leo nimekushinda. Karatasi haina midomo.

Habari za sabuni, soksi na kujifunika vizuri huko kwenye baridi ya bara sitaziandika. Hizo nimekupigia kelele kwa mikono wiki nzima, mpaka ukaanza kuniiga nyuma ya mgongo wangu, wewe na shangazi yako, mkafa kwa kicheko mkidhani sioni. Niliona. Nilitaka kukasirika nikashindwa, maana uliniiga barabara, hasa kile kiuno.

Nataka kukuambia habari za Mzee.

Mzee unamjua tangu kuzaliwa, lakini hujui nilivyokutana naye. Nilipoletwa hapa kutoka Ngao, bibi harusi mpya, nyanya yako, Mungu amrehemu, hakunionyesha kitanda wala kabati. Alinishika mkono akanipeleka jikoni kunionyesha mafiga yake. Mawili yalikuwa vipande vya kichuguu, kama ya kila mtu. Wewe umezaliwa huku, huoni ajabu, ila huko uendako watakucheka ukiwaambia kwamba kwenu hakuna mawe. Nchi nzima hii, tangu Garsen mpaka mto unapoingia baharini, ni tope. Ukitaka jiwe la kumfukuzia mbwa utazunguka mpaka mbwa mwenyewe akuonee huruma. Kwa hiyo tunakata vichuguu, tunapikia juu yake, mvua ikija mafiga yanageuka uji, tunakata mengine.

Figa la tatu la nyanya yako lilikuwa chuma. Kizito kama mtoto wa mwaka mmoja, mviringo, kitako bapa, mbele kimechongoka. Ncha ilizikwa ardhini, kitako kikabaki juu, na sufuria ikikaa pale haitikisiki.

"Huyu ni Mzee," akaniambia. "Amekutangulia kufika hapa. Umheshimu."

Nikacheka. Yeye hakucheka. Akanieleza kwamba wakati wa vita vya Mtaliano askari walipita hapa wakielekea kaskazini na mizinga yao, na lori moja likateleza kwenye kivuko, masanduku yakaingia majini. Watu wakasahau. Kisha mto ukahama, kama unavyohama wenyewe ukichoka kulala upande mmoja, ukamwacha Mzee ukingoni, shambani kwa babu yako. Kila mtu alijua ni kitu cha mzinga. Hakuna aliyeficha. Lakini alikwisha kaa motoni miaka na miaka, amepikiwa wali wa harusi na uji wa matanga, na hajawahi hata kukohoa. "Angekuwa na neno, angeshalisema," nyanya yako alikuwa akisema, huku anamfuta majivu kwa pindo la leso.

Kwa hiyo mimi nami nikamheshimu. Nilikuwa nikimpiga kikofi kidogo asubuhi kabla ya kuwasha moto. Usinicheke. Nimepika juu yake tangu ukiwa tumboni.

Halafu ikaja mvua ya El Nino. Ile unaikumbuka, maana ulikuwa mkubwa tayari: tulivyokaa kule juu barabarani chini ya turubai, sisi na ng'ombe za Waorma, mbu wakitula bila kuuliza kabila. Ndiko tulikojuana na Halima, yule aliyekuwa akilala upande wa pili wa turubai letu na ndama wake miguuni. Maji yalipopungua tukarudi hapa, tukakuta nyumba imepiga magoti na jikoni ni tope mpaka magotini. Nikachukua mti nikaanza kuchoma chini, nachoma, nachoma, mpaka nikasikia ngo! Mzee. Nyumba imekwenda, migomba imekwenda, mbuzi wamekwenda, na yeye yuko palepale alipozikwa. Nikakaa kwenye tope nikalia kama mtu aliyempata ndugu.

Lakini figa moja halipiki chakula. Na vichuguu vyote vilikuwa vimelowa, ukikata kinakufia mkononi. Nikapata kimoja tu, cha kujaribu.

Basi siku hiyo wewe ukatokea ukingoni, kule mto ulikokata udongo mpya, una mzigo kichwani, unaimba ule wimbo wenu wa kwaya kwa sauti ya kuamsha mamba. "Mama! Nimempata ndugu yake Mzee!" Ukamtua mbele yangu. Lo, nilivyofurahi! Uzito uleule, unene uleule, kitako kilekile bapa. Baba yako akamgeuza, akamtazama kichwani. Mzee kichwa chake ni laini, kama jino. Huyu kichwa chake kilikuwa na pete, na mistari kama ya kifuniko cha chupa.

"Huyu ana kofia," baba yako akasema.

Na mimi, na huu mdomo wangu usiojua kulala, nikamjibu: "Kofia ni kofia. Hata wewe ukivaa kofia unabaki Jillo."

Baba yako akacheka. Wewe ukacheka. Nikamzika ndugu yake Mzee, kofia chini, kitako juu, nikatandika sufuria.

Rahel, nimesema maneno mengi mabaya maishani mwangu. Nimemtukana chifu, nimegombana na mama mkwe, nimewahi kumwambia mchungaji kwamba mahubiri yake ni marefu kuliko safari ya wana wa Israeli. Yote hayo nimeyasahau. Hilo la kofia silisahau, na mzaha wake ndio unaoniuma zaidi.

Jioni ile tukapika, hakuna neno. Asubuhi tukapika uji, hakuna neno. Mchana nikaweka maharagwe ya msaada, yale yaliyokuwa hayaivi hata uyabembeleze, nikachochea moto mkali, nikakuachia uyatazame. Nikaenda kwa shangazi yako kuomba chumvi.

Wewe ulikuwa umeketi nyuma ya kinu, ule upande wa kivuli. Nashukuru jua la siku ile. Nalishukuru kila nikiliona.

Mlio sikuusikia kwa masikio. Niliusikia kifuani. Chumvi ikamwagika, na nikakimbia, na nakumbuka nilikuwa nikiikasirikia ile chumvi, unaweza kuamini? Nilipofika hakukuwa na jikoni. Kulikuwa na moshi, na kinu kimesimama peke yake, na wewe nyuma yake umeketi vilevile, una damu mkononi na maharagwe kwenye nywele. Ukanitazama ukasema, "Mama, mbona husemi?"

Na mimi nilikuwa napiga mayowe yaliyosikika mpaka ng'ambo.

Mengine ya hapo unayajua: mtumbwi, hospitali ya Ngao, daktari aliyekuandikia kwenye karatasi kwamba mkono utapona na masikio hayatapona. Usiyoyajua ni ya huku nyumbani, maana wewe na baba yako mlikuwa bado hospitalini.

Walikuja wanajeshi. Mkubwa wao alikuwa sajenti mwembamba, sauti ya chini, fundi wa mambo ya mizinga. Akauliza ni nani aliyeweka kombora jikoni. Watu wote wakawa wanasoma vidole vyao vya miguu. Nikasema, "Mimi." Nilidhani atanizaba kofi au atanitia pingu, na haki ya Mungu, ningemshukuru. Akanitazama tu, akasema, "Pole, mama." Kisha akatusogeza wote mbali kule njiani, akarudi peke yake kumchimbua Mzee. Nilimwona anachimba kwa vidole, polepole, kama mtu anayemtoa mtoto mwiba. Halafu tukamsikia anacheka. Akaniita.

"Mama, njoo uone. Hili lako la zamani na lile lililopasuka ni ya mzinga mmoja. Yanaingia mdomo mmoja. Zamani yalipakwa rangi mbalimbali ili askari wasichanganye, lakini rangi imeliwa na mto. Hili ni la kutoboa vifaru. Ndani halina baruti hata punje. Ni chuma kitupu, kigumu kuliko ngozi ya kifaru, na linaua kwa mbio zake tu. Likishasimama, kazi yake imekwisha. Ungelipikia miaka mia. Lile lingine ni la kupasuka. Lile halihitaji mbio. Tumbo lote ni baruti, na kichwani ndiko kuna kiwashio chake."

"Ile kofia," nikasema.

"Ndiyo. Kama kofia."

Nikakaa chini palepale mbele ya askari. Akachuchumaa karibu nami. Akaniambia kwamba maji ya mto yalikuwa yameharibu baruti nyingi, na kilichopasuka ni sehemu tu. Ingepasuka yote, asingekuta mtu wa kumuuliza swali.

Alipotaka kuondoka alimbeba Mzee ampeleke. Nikamzuia. Kwa nini, hata leo sijui vizuri. "Umesema hana kitu ndani," nikamwambia. "Niachie."

"Wa kazi gani tena, mama?"

"Sina kazi naye. Lakini huyu hakunikosea."

Wale vijana wake wakatazamana; waliona mama amerukwa na akili. Sajenti akafikiri kidogo, akamkagua tena toka kichwa hadi kitako, akamkwaruza alama ya msalaba ubavuni, ile unayoipapasa kwa kidole. Akaniapisha kwamba sitaokota kitu kingine chochote mtoni, hata kijiko, na kwamba nikimwona mtu ameokota nitapiga kelele mpaka aache. Hicho kiapo nimekitimiza. Kupiga kelele najua.

Nimelifikiria sana lile neno lake la rangi iliyoliwa na mto. Mimi sikuwa mjinga, mwanangu. Nilikuwa na ujuzi wa miaka mingi juu ya chuma kimoja, nikauchukua wote nikamvika chuma kingine kwa sababu wamefanana vitako. Huko bara utakutana na mtu ana kicheko kama cha Halima, moyo wako utataka kumpa mambo yote unayompa Halima. Subiri kidogo. Mtazame kichwani. Na utakutana na mwingine ana uso wa kutisha watoto, na ndani yake hana baruti hata punje, atakupikia chakula miaka mia. Mimi siwezi kukuambia yupi ni yupi. Ningeweza, usingekuwa na kovu hilo mkononi.

Kosa langu la pili huhitaji kuandikiwa, maana wewe ndiye uliyelila. Lakini acha niandike, ulione kwa mwandiko wangu.

Ulipotoka hospitalini nikawa mwoga wa kila kitu. Nilikataa kupika, tulikula kwa shangazi yako mpaka akaanza kukohoa akituona. Nilikukataza mto, nikakukataza soko, nikakukataza hata kanisa, eti watu watakusukuma. Mtu akikuuliza hali, namjibu mimi. "Hajambo, hasikii." Ukifungua mdomo, nakumalizia neno. Na wewe ukawa unakaa pale kwenye mkeka, mgongo umeupa mlango, huzungumzi, hucheki.

Mzee alikuwa ametupwa nyuma ya nyumba. Siku moja baba yako akaamka na hasira zake, akasema leo nakitupa chuma hiki mtoni, sitaki kukiona. Akamwinua begani. Halima alikuwa amefika na kibuyu cha maziwa, amesimama pembeni anangoja nimpe mahindi yake. Basi baba yako alipopita mlangoni Mzee akamponyoka, akaanguka chini, di! Na wewe, uliyekuwa umetupa mgongo, ukageuka.

Mimi sikuona kitu. Halima ndiye aliyeona. Akanishika mkono kwa nguvu. "Wewe Mama Rahel! Hii mtoto nasikia!"

"Halima, usinitoneshe kidonda. Daktari amesema hasikii."

"Daktari nasema sikio. Mimi nasema mguu. Hii mtoto nasikia na mguu, kama ng'ombe."

Baba yako akamwinua Mzee, akamwangusha tena. Ukageuka tena. Tena, ukageuka, na safari hii ukacheka. Ukasema, "Nyinyi mnafanya nini?" Ndicho kicheko chako cha kwanza tangu maharagwe. Baba yako alikwenda nyuma ya nyumba, akakaa huko muda mrefu, akarudi na macho mekundu, anasema moshi. Moshi gani, na sisi hatukuwa tumewasha moto?

Ndivyo Mzee alivyokuwa sauti yangu. Namwinua mpaka kiunoni, namwangusha pale mlangoni, na wewe popote ulipo karibu unajua: mara moja, njoo. Nilifurahi mno. Na furaha yangu ikanifanya nikuharibie tena, maana nilikuwa nimepata kamba. Njoo ule. Njoo nikuone. Njoo, hakuna kitu, nilikuwa nataka kujua tu kama upo. Ukifika kule kwenye migomba ya mwisho, ambako Mzee hafiki, nakufuata mbio nakurudisha. Nenda kaangalie pale mlangoni. Pana shimo la kuingia kuku na vifaranga vyake. Shimo lote lile ni neno moja tu, njoo, na hakuna neno jingine nililokuambia kwa chuma kile mpaka leo.

Halafu chifu akaja na habari za kile chuo cha viziwi. Ulikuwa umeketi palepale. Nikamwambia, "Hataki. Nimemuuliza, hataki." Nilisahau, Rahel. Nilisahau kabisa kwamba midomo yangu ni kitabu chako. Ukanitazama. Kisha ukafumba macho.

Wewe mtoto, hiyo silaha yako ni mbaya! Watu wengine wakigombana na mama zao huziba masikio, na mama anaongeza sauti. Wewe unafumba macho, basi, dunia yote imefungwa mlango, mtu atasema na nani? Nilikutikisa bega. Nilikulisha vipande vya ndizi kwa mkono. Ulikula na macho yamefumbwa! Jioni ndipo ulipochuchumaa penye majivu ukaandika kwa kidole: NATAKA KWENDA. Ukaandika na kazi unayotaka kujifunza. Nilipoisoma nikapiga kelele: kuchomelea vyuma? Chuma hakijakutosha?

Ukafuta majivu kwa kiganja, ukaandika tena, taratibu, kama unamfundisha mtoto: NATAKA KUJUA KILA CHUMA KINA NINI NDANI, KABLA MTU HAJAKIWEKA MOTONI.

Nikamwita baba yako aje asome.

Kwa hiyo kwenda nilikubali. Kwenda peke yako ndiko kulikotugombanisha mpaka juzi. Unajua ninachoogopa, sina haja ya kukizunguka. Barabara hii ya Malindi ina majangili. Askari wakiwamo ndani ya basi au wasiwemo, siku nyingine risasi hulia, na zikilia watu wote hulala chini ya viti. Wote wenye masikio. Nimeiota ndoto hiyo mara nyingi: basi zima limelala, na kichwa chako peke yake kimesimama dirishani, umesuka nywele vizuri, unatazama ndege. Ndiyo maana nilisema nitakwenda nawe mpaka chuoni, na nikifika huko nitatafuta kibarua cha kufua nguo nikae karibu. Ukafumba macho. Safari hii hata ndizi ulikataa.

Sasa nikuambie kilichonigeuza, maana unadhani ni baba yako. Baba yako hajanigeuza tangu anioe.

Ni juzi kule shamba la mpunga. Tumeinama, tunapalilia, jua linaanza kulegea, na mimi naongea. Najua husikii, lakini mimi nikiwa shamba lazima niongee, hata na magugu. Naongea habari za basi, najibizana nawe, na majibu yako nayatoa mimi mwenyewe, na ninashinda ugomvi vizuri sana. Mara ukanikamata kiwiko. Nikakuambia niache. Ukanivuta, na nilipokaza miguu ukanibeba! Ukaniburura kwenye tope na jembe langu mpaka juu ya tuta. Nikainua mkono nikuchape, na hapo matete yakafunguka, akatoka kiboko dume, akapita palepale nilipokuwa nimeinama, kwa ule mwendo wao wa kama hana haraka na huku amekwisha fika. Mpunga aliokanyaga haujasimama mpaka leo.

Nilikuwa sijasikia kitu. Na masikio yangu mawili haya mazima, nilikuwa nayajaza kwa sauti yangu mwenyewe. Wewe ulikuwa na nyayo zako ndani ya tope, umenyamaza, ukamsikia anakuja.

Tulikaa juu ya tuta. Ukachukua kijiti, ukaandika kwenye udongo: NITAKAA KITI CHA NYUMA. NITAONA VICHWA VYOTE. WAKIINAMA, NITAINAMA.

Kumbe ulikuwa umeshafikiria! Nilipokuwa naota, wewe ulikuwa unapanga kiti. Nilikutazama usoni, ulikuwa na tope mpaka kwenye nyusi, na nikaona kwamba kwa muda mrefu sasa nimekuwa nikidhani nakulinda, kumbe nimekuwa nikishikilia nguo yako. Nakupenda, Rahel. Lakini kupenda kwangu kulikuwa kumeanza kukukalia kichwani kama ule mzigo uliouleta ukiimba.

Na hapo pia nina neno. Umewahi kuniuliza, kwenye majivu, kama ni wewe uliyetuletea balaa lile. Wewe uliniletea figa. Mama yako alikuwa hana figa, ukamwona chuma ukambeba njia nzima. Aliyemzika motoni ni mimi. Usiende na hilo sandukuni, litakujazia nafasi bure.

Nawasikia mnakuja, baba yako anagombana na lile sanduku penye daraja la miti. Nimalize upesi.

Kuna kitu sijawahi kukuambia kwa kuogopa utakiacha. Ukitwanga kwenye kile kinu, chenye vipande vya kombora mbavuni, unaimba. Wewe hujui. Unadhani umenyamaza, kumbe unaimba ule wimbo wa kwaya, sauti inapanda isipopaswa kupanda na kushuka inapotaka, na shangazi yako huacha kazi zake, na mimi huenda nyuma ya nyumba kwenye moshi wa baba yako. Usiache. Huko kwenye vyuma vyenu, wote hamsikii, nani atakukemea? Imba.

Kesho sipandi basi. Nimemwambia baba yako, na yeye akufikishe barabarani tu, arudi. Wala mimi sitafika barabarani, najijua, nitaning'inia kwenye mlango wa basi mpaka Malindi. Nitabaki hapa mlangoni, penye shimo langu.

Barua hii nitaiweka juu ya nguo zako, uisome kabla hujatoka, ili ujue nitakachofanya. Utavua viatu. Viatu utavaa barabarani. Utapita jikoni, utapita kinu, utakwenda na njia ya migomba, na ukikaribia ile migomba ya mwisho, pale ambapo siku zote nilikuwa nakurudisha, nitamwinua Mzee juu kuliko nilivyowahi kumwinua, nimwangushe. Utasimama, najua, miguu yako imezoea. Usigeuke. Ngoja kidogo. Nitamwinua tena, nimwangushe mara ya pili.

Mara mbili hatujawahi kuwa nayo. Nimekaa mchana kutwa nikiitafutia maana, na maana yake ni nenda.

Mama yako.